Neno Dogo -ye-: Historia ya Maneno ya Kurejea, toka Kigiriki hata Kiswahili Chetu



Kila Dominika twasimama kanisani tukasali Nasadiki, na katika sala hiyo twatamka silabi moja mara nyingi kuliko tunavyodhani. Twasema: aliyezaliwa, aliyeteswa, aliyefufuka, anayetoka. Silabi hiyo ni -ye-. Ina herufi mbili tu, wala hakuna mtu anayeitilia mkazo anaposali. Hata hivyo, kwa ajili ya ndugu yake wa Kigiriki askofu mmoja mtakatifu aliandika kitabu kizima, mtaalamu mmoja alipoteza kazi yake, na ngozi za kale zilichunguzwa mbele ya mwanga ili watu waone kama mstari mmoja mdogo upo au haupo. Leo twapenda kuwaeleza historia hiyo, maana inatuhusu sisi wa nchi ya Lualaba kwa namna ya pekee.

1. Usemi wa Dilala

Dilala ni komini moja kati ya mbili za mji wa Kolwezi. Ya pili ni Manika. Mji wetu ulizaliwa kwa sababu ya shaba. Kampuni ya Union Minière, iliyoanzishwa mwaka 1906, ilifungua machimbo katika nchi hii na kuwakusanya wafanyakazi wa makabila mengi: Wasanga, Waluba, Walunda, Wachokwe, na wengine waliotoka mbali zaidi. Lugha iliyowakutanisha ni Kiswahili. Kilikwisha kufika Katanga katika karne ya 19 pamoja na misafara ya biashara iliyotoka upande wa pwani, zamani za Mfalme Msiri wa Bunkeya, aliyeuawa mwaka 1891. Kwa kuwa kilisemwa na watu wenye lugha nyingine za mama, Kiswahili hicho kilijifupisha, kama njia inavyojifupisha inapokanyagwa na miguu mingi.

Mahali pamoja kilipojifupisha ni katika maneno ya kurejea, ambayo waalimu wa sarufi huyaita virejeshi. Kazi ya kirejeshi ni kuturudisha kwenye jina lililokwisha kutajwa, ili tujue ni nani au ni kitu gani kinachosemwa. Katika vitabu twasoma: mtu aliyekuja, kitu kilichovunjika, jiwe lililoanguka, nyumba iliyojengwa. Lakini nyumbani na sokoni Dilala twasikia zaidi: muntu yenye anatumika, mashini yenye inatumika. Neno "yenye" ni lile lile kwa mtu na kwa mashini.

Hatusemi hivi ili kuudharau usemi wa nyumbani. Ndio usemi ambao mama humbembelezea mtoto wake, na watu huelewana kwao bila shida. Lakini sisi makatekista tumeona jambo moja. Tukiwauliza wakatekumeni habari za Roho Mtakatifu, baadhi yao hujibu kwamba Yeye ni nguvu ya Mungu, kana kwamba ni umeme unaoendesha mashini. Neno "yenye" halikuwafundisha kosa hilo, ila pia haliwaonyi. Kirejeshi cha -ye- huwaonya. Yafaa basi tujue kimetoka wapi, na wazee wetu katika imani walikilinda namna gani.

2. Jinsi tatu za Kigiriki

Injili na Nyaraka za Mitume ziliandikwa kwa Kigiriki. Hakikuwa Kigiriki cha washairi wa kale, bali kile cha watu wote, kilichosemwa bandarini, sokoni na kambini tangu nchi ya Misri hata mji wa Roma. Kilikuwa lugha ya kukutanisha makabila, kama Kiswahili kilivyo kwetu. Tena lugha ya Wagiriki si ngeni kabisa Kolwezi. Waortodosi wana kanisa lao mjini petu, na mmonaki Cosmas wa monasteri ya Grigoriou katika Mlima Athos alifanya utume Kolwezi hadi alipofariki katika ajali ya barabarani mwaka 1989.

Katika Kigiriki kila jina lina jinsi yake. Ziko jinsi tatu: ya kiume, ya kike, na ya tatu ambayo si ya kiume wala ya kike. Neno logos, yaani neno, ni la kiume. Neno sarks, yaani mwili, ni la kike. Neno pneuma, lenye maana ya pumzi, upepo au roho, ni la jinsi ya tatu. Kirejeshi nacho hufuata jinsi ya jina. Kwa jina la kiume husemwa hos. Kwa jina la kike husemwa he. Kwa jina la jinsi ya tatu husemwa ho.

Angalieni sana jambo hili: jinsi ya jina siyo uhai wa chenye jina. Wagiriki walimwita mtoto mdogo paidion, na jina hilo ni la jinsi ya tatu. Mama wa Kigiriki alitumia kirejeshi ho kwa mtoto wake, wala hakuna aliyefikiri kwamba mtoto huyo ni jiwe. Tukilisahau jambo hili, tutapotea katika habari zinazofuata.

3. Mtakatifu Basili na maneno matatu

Katika karne ya 4 Kanisa lilisumbuliwa na watu waliokana kwamba Mwana ni Mungu sawa na Baba. Mtaguso wa Nisea wa mwaka 325 ulikwisha kukiri kwamba Mwana ni wa uwamo mmoja na Baba, lakini ubishi haukukoma. Mmoja wa wabishi hodari alikuwa Aetius, aliyewekwa shemasi katika Antiokia. Huyu alishika maneno madogo ya Maandiko akayageuza kuwa silaha.

Hoja yake ilikuwa hivi. Mtume Paulo, alipowaandikia Wakorinto, alisema juu ya Baba kwamba vitu vyote vimetoka kwake, na juu ya Mwana kwamba vitu vyote vimekuwa kwa njia yake. Kwa Kigiriki, juu ya Baba husemwa eks hu, maana yake "ambaye kutoka kwake". Juu ya Mwana husemwa di hu, maana yake "ambaye kwa njia yake". Na juu ya Roho watu walizoea kusema en ho, maana yake "ambaye ndani yake". Aetius alidai kwamba mambo yanayosemwa kwa namna mbalimbali yana asili mbalimbali. Kwa hiyo, alisema, Baba, Mwana na Roho si wa asili moja.

Ili tuelewe hatari ya hoja hiyo, tukumbuke wafua shaba wa kale wa Katanga. Shaba hutoka kwa mfuaji. Hupatikana kwa njia ya mvukuto. Huyeyuka ndani ya tanuru. Mfuaji ni mtu, mvukuto ni chombo, tanuru ni mahali. Aetius aliyasoma maneno ya Mtume kwa namna hiyo hiyo: Baba akawa fundi, Mwana akawa chombo, Roho akawa mahali. Basi kwa maneno madogo matatu Mwana na Roho wakashushwa kutoka kitini.

Aliyemjibu ni Mtakatifu Basili, askofu wa Kaisaria ya Kapadokia, katika nchi iitwayo leo Uturuki. Yeye mwenyewe alikuwa amelaumiwa kwa ajili ya maneno hayo. Aliposali pamoja na watu alizoea kumtukuza Baba pamoja na Mwana na Roho Mtakatifu. Na pengine alimtukuza Baba kwa njia ya Mwana katika Roho Mtakatifu. Wengine waliomsikia walinung'unika kwamba analeta sala ngeni, tena zinazopingana. Rafiki yake Amphilochius, askofu wa Ikonio, akamwomba maelezo. Basili akaandika kitabu juu ya Roho Mtakatifu, yapata mwaka 375.

Mtu angeweza kudhani kwamba askofu mwenye shughuli nyingi angeyapuuza maneno madogo kama hayo. Basili hakuyapuuza. Alifundisha kwamba anayetafuta ukweli asione silabi yo yote kuwa duni. Wahenga wetu nao husema: mdharau mwiba mguu huota tende.

Kisha akafungua Maandiko, akaonyesha kwamba Mitume hawakuifuata sheria ya Aetius. Katika Waraka wa kwanza kwa Wakorinto, mlango wa 1, Mtume asema juu ya Mungu Baba kwamba kwa njia yake tuliitwa: hapo "kwa njia yake" yasemwa juu ya Baba. Katika Waraka kwa Waefeso, mlango wa 4, asema juu ya Kristu kwamba kutoka kwake mwili wote hukua: hapo "kutoka kwake" yasemwa juu ya Mwana. Na Injili ya Mathayo, mlango wa 1, yasema kwamba mimba ya Maria ilitoka kwa Roho Mtakatifu: hapo "kutoka kwake" yasemwa juu ya Roho. Kama maneno haya matatu hupita toka kwa mmoja hata kwa mwingine, yawezaje kuwa ukuta wa kuwatenga?

Basili alifariki mwanzoni mwa mwaka 379. Miaka miwili baadaye, mwaka 381, maaskofu walikusanyika Konstantinopoli, wakaikamilisha sehemu ya Nasadiki inayomhusu Roho Mtakatifu. Wakakiri kwamba Roho huabudiwa na kutukuzwa pamoja na Baba na Mwana. Nao waliandika kwa Kigiriki sahihi: kwa kuwa pneuma ni jina la jinsi ya tatu, maneno yote yanayolifuata waliyaweka katika jinsi hiyo ya tatu. Sarufi yao ni ile itumikayo kwa kitu; ungamo lao ni la kumwabudu Mungu. Hapa twaona hekima ya Kanisa: linayachunga maneno madogo, wala halitawaliwi nayo.

4. Duara lenye mstari na duara tupu

Sasa tuje kwenye mahali penyewe ambapo kirejeshi kimoja kimechunguzwa kuliko vyote. Ni katika Waraka wa kwanza kwa Timoteo, mlango wa 3, mstari wa 16. Hapo lasemwa fumbo la dini kuwa ni kuu, na mara moja yafuata maneno yanayomsifu Kristu kwa kuonekana kwake katika mwili. Swali ni hili: kati ya "fumbo" na "kuonekana" limesimama neno gani?

Nakala za kale za Maandiko ziliandikwa kwa mkono juu ya ngozi, kwa herufi kubwa. Herufi ya O ilikuwa duara tupu. Herufi ya S iliandikwa kama nusu duara. Kirejeshi hos kiliandikwa basi kwa alama mbili tu: duara tupu na nusu duara. Lakini waandishi walikuwa na desturi ya kuyafupisha majina matakatifu. Jina la Mungu, Theos, waliliandika kwa herufi yake ya kwanza na ya mwisho: duara lenye mstari katikati, na nusu duara, kisha wakapiga mstari juu yake. Mnaona hatari: kati ya "ambaye" na "Mungu" tofauti ilikuwa mistari miwili midogo.

Basi nakala nyingi za baadaye husema hapo kwamba Mungu alionekana katika mwili. Nakala za kale zaidi husema aliyeonekana. Moja ya hizo za kale yaitwa Codex Alexandrinus, nayo ni ya karne ya 5. Ilitolewa na Patriarka Cyril Lucaris kuwa zawadi kwa Mfalme Charles wa Kwanza wa Uingereza, ikafika London mwaka 1627. Wengi waliosoma ukurasa wake waliona mstari ndani ya duara, wakasema: imeandikwa Mungu.

Katika karne ya 18 alikuja Johann Jakob Wettstein, mchungaji wa Kiprotestanti wa mji wa Basel katika Uswisi. Aliichunguza ngozi ile kwa uangalifu, akagundua kwamba mstari uliodhaniwa kuwa ndani ya duara ulitoka upande wa pili wa ngozi. Nyuma ya duara lile iliandikwa herufi ya E, na mstari wake wa katikati ulionekana kupenya. Duara lilikuwa tupu, na mtu mwingine baadaye aliongeza wino. Watu wa mji wake walimshuku kwamba anaubomoa Umungu wa Kristu. Akashtakiwa, akaondolewa kazini mwaka 1730. Akahamia Amsterdam, na huko akachapa Agano Jipya la Kigiriki pamoja na maelezo mengi, mwaka 1751 na 1752.

Katika karne iliyofuata, mtaalamu wa Ujerumani aitwaye Tischendorf alifika kwenye monasteri ya Mtakatifu Katarina chini ya Mlima Sinai. Mwaka 1844 aliona kurasa za kwanza, na mwaka 1859 akaona sehemu kubwa ya nakala ya karne ya 4 iitwayo Codex Sinaiticus. Humo nako mwandishi wa kwanza aliandika hos, yaani ambaye. Mkono wa baadaye ndio ulioandika juu yake ili lisomeke Mungu. Siku hizi matoleo ya Kigiriki yanayotumiwa na wataalamu, Wakatoliki na wasio Wakatoliki, huchapa hos.

Je, imani yetu imepungukiwa? Hata kidogo. Umungu wa Kristu haukujengwa juu ya mstari ndani ya duara. Injili ya Yoane yaukiri katika mstari wake wa kwanza, na Mtume Tomaso aliukiri kwa kinywa chake mbele ya Bwana mfufuka, katika mlango wa 20 wa Injili hiyo hiyo. Mwenye nyumba ya mawe haogopi kuonyeshwa kwamba tofali moja lilichorwa ukutani kwa chokaa.

Zaidi ya hayo, kirejeshi kile cha kale kinatupa zawadi. Neno la Kigiriki la fumbo ni misterion, nalo ni la jinsi ya tatu. Kwa sheria ya sarufi tungelitazamia lifuatwe na ho. Badala yake limefuatwa na hos, kirejeshi cha kiume. Wataalamu wengi hufikiri kwamba Mtume alichukua maneno ya wimbo wa Wakristu wa kwanza, ulioanza kwa kumtaja Kristu, na ndiyo sababu kirejeshi hakikulingana na jina lililotangulia. Iwe hivyo. Lakini msomaji hujikwaa hapo, na kujikwaa kwake kuna faida. Ni kama tungesema kwa Kiswahili: fumbo ni kuu, aliyeonekana. Sikio hutazamia "lililoonekana". Likisikia "aliyeonekana", huamka na kuuliza: ni nani huyu? Fumbo la dini yetu lina jina la mtu, nalo ni Yezu.

5. Kilatini kilivyofuata

Biblia ya Kilatini iitwayo Vulgata ililainisha mahali hapo. Iliandika quod, kirejeshi cha jinsi ya tatu, kilichokubaliana na neno sacramentum lililotangulia. Kwa hiyo kwa karne nyingi Wakristu wa upande wa magharibi walisikia: fumbo lililoonekana. Maana haikuwa mbaya, kwa kuwa kila mtu alijua ni habari za Bwana wetu. Lakini ule mshtuko mdogo wa Kigiriki ulipotea. Mtaguso wa Trento uliithibitisha Vulgata mwaka 1546 iwe Biblia ya kutegemewa katika mafundisho. Nao wataalamu wa Kanisa waliendelea kuilinganisha na nakala za kale. Vulgata Mpya, iliyoidhinishwa na Papa Yohane Paulo wa Pili mwaka 1979, iliondoa quod ikaweka qui, kirejeshi cha kiume. Ndivyo neno dogo lilivyorudi nyumbani.

6. Kiswahili kilivyopokea

Kiswahili hakina jinsi ya kiume na ya kike. Baba aliyekuja na mama aliyekuja husemwa sawasawa. Kiswahili huuliza jambo jingine: je, kina uhai ama hakina? Majina yetu yamegawanywa katika makundi mengi, lakini mahali penye uhai kirejeshi -ye- hushinda kundi la jina. Kijana huanza kwa ki-, kama kiti na kisu. Hata hivyo twasema kijana aliyefika, na kamwe hatusemi kijana kilichofika. Kipofu huwa aliyeponywa. Hata simba huwa aliyelala.

Mapadri na wataalamu waliojifunza Kiswahili cha pwani waliijua sheria hiyo. Krapf alichapa sarufi yake mwaka 1850. Askofu Steere wa Zanzibar alitoa kitabu chake cha lugha mwaka 1870. Padri Charles Sacleux, wa Shirika la Roho Mtakatifu, alitoa sarufi ya lahaja za Kiswahili mwaka 1909 na kamusi yake kubwa kati ya miaka 1939 na 1941. Waliotafsiri Maandiko na sala walifika basi kwenye njia panda. Logos ni Neno, na kwa kawaida neno ni lililosemwa, neno ni zuri. Lakini Neno wa Mungu anayetajwa na Yoane ni Nafsi. Wakaandika alikuwako badala ya lilikuwako, nao hawakuivunja lugha: walifuata sheria ile ile ya kijana na kipofu.

Kwa Roho jambo ni zuri zaidi. Neno roho lilitoka katika Kiarabu, ruh, ambalo ni ndugu wa ruah la Kiebrania, neno lile lile linalosimama katika mlango wa kwanza wa kitabu cha Mwanzo. Kwa Kiebrania neno hilo kwa kawaida ni la kike. Kwa Kigiriki ni la jinsi ya tatu. Kwa Kilatini, spiritus, ni la kiume. Lugha tatu, jinsi tatu, na Roho ni mmoja. Kwa Kiswahili twasema roho yangu, roho safi, roho iliyochoka, maana ni habari ya moyo wa mtu. Lakini tukimtaja Yeye tunayembatizia watu pamoja na Baba na Mwana, twasema Roho Mtakatifu, wala hatusemi roho takatifu. Ile m- ndogo ya Mtakatifu, na ile -ye- ya anayetoka, ni ungamo la imani lililofichwa ndani ya sarufi. Mtoto wa kijijini akisema Roho Mtakatifu, amekwisha kukiri kwa silabi moja lile ambalo Basili alilitetea kwa kitabu kizima.

7. Ulizeni "nani"

Basi tufanye nini sisi wa Dilala, ambao usemi wetu wa kila siku una "yenye" peke yake? Hatutawakataza watu kusema kama walivyozoea. Twapendekeza mambo mawili.

La kwanza, tunaposali Nasadiki tuyatamke maneno ya vitabu polepole na wazi: aliye, aliyezaliwa, anayetoka. Katekista awaeleze wanafunzi wake kwamba katika maneno hayo -ye- haitumiwi kwa chombo wala kwa jiwe.

La pili, usemi wetu umehifadhi maneno mawili ambayo hayachanganyiki: nani na nini. Hata mtoto mdogo wa Dilala hamwulizi mgeni "wewe ni nini?" Wagiriki nao walikuwa na maneno hayo mawili, tis kwa mtu na ti kwa kitu. Katika Injili ya Yoane, mlango wa 18, Pilato amwuliza Bwana juu ya ukweli, naye atumia ti: ukweli ni nini? Kwa sarufi aliuliza sawa, maana ukweli si jina la mtu. Lakini mbele yake alisimama Yule ambaye, katika mlango wa 14, aliwaambia wanafunzi wake kwamba Yeye mwenyewe ndiye ukweli. Pilato aliuliza nini, wakati jibu lilikuwa nani. Tena hakungoja kujibiwa, akatoka nje.

Kwa hiyo, ndugu makatekista, mkifundisha juu ya fumbo lo lote la imani, malizeni kwa kuuliza "nani". Katika Umwilisho, ni nani aliyechukua mwili? Katika Ubatizo, ni nani anayetuzaa upya? Katika Ekaristi, ni nani tunayempokea? Mwanafunzi atakayejibu kwa jina hatadhani tena kwamba anasali kwa nguvu isiyosikia. Atajua kwamba kuna Anayemsikiliza.

Maswali ya kujikumbusha

1. Kirejeshi hufanya kazi gani? Toeni mifano miwili ya vitabuni na mmoja wa usemi wa nyumbani.
2. Aetius alitumia maneno gani matatu ili kuwatenga Baba, Mwana na Roho? Mtakatifu Basili alimjibu namna gani?
3. Katika nakala za kale, ni nini kilichotofautisha neno hos na jina la Mungu lililofupishwa?
4. Kwa nini twasema Roho Mtakatifu, wala hatusemi roho takatifu?
5. Chagueni fumbo moja la Rozari, mwulizane juu yake maswali matatu yanayoanza kwa "ni nani".